Bega la Nyumba Yetu

Nina mimba, Leonsia. Hilo ndilo. Nimeshalisema, sasa naweza kupumua.

Usisimame ndani ya basi. Kaa. Kama umenitii, barua hii umeikuta chini kabisa ya begi, katikati ya kile kitenge cha njano nilichokukataza kukikunjua kabla ya kupita Lusahunga. Sababu ya katazo ndiyo hii. Ningekuambia hapa nyumbani ungelitua begi, ungejifunga khanga kiunoni, ungechukua ndoo ukaenda kisimani, na nafasi yako chuoni angepewa mtoto wa mtu mwingine. Huko ulipo, hata ukimlilia dereva, hawezi kugeuza basi kwa ajili ya mama mmoja wa Ngara mwenye tumbo. Sema mwenyewe: mama yako ana akili au hana?

Shikamoo yako nimeipokea. Marahaba, mwanangu, marahaba sana. Sasa tuzungumze.

Naandika wewe ukiwa umekwenda kuwaaga wanakwaya wenzako. Jua bado lipo. Nimekaa mlangoni juu ya kinu nilichokipindua, ungo magotini ndiyo meza, maharage yanachemka nyuma yangu, na kila mbuzi akipita nadhani ni wewe. Nimeshasimama mara nyingi. Nimefungua begi lako nikalifunga tena. Nimetia chumvi kwenye maharage na sasa nahisi nimeitia mara mbili, kwa hiyo ukiwa unakumbuka kwamba chakula cha mwisho cha mama yako kilikuwa kichungu, ujue kwa nini. Na mwandiko ukienda huku na huku usishangae. Mwandiko wangu ni mzuri, kila mtu anajua. Nimeishia darasa la nne, lakini mwalimu alikuwa akiwaonyesha wavulana daftari langu ili waone haya. Leo ungo tu ndio hautulii magotini.

Mambo ya kula na kufua na wanaume wa stendi sitayaandika. Shangazi yako amekujaza masikio kwa hayo wiki nzima. Mimi nataka kukuandikia habari ya bega.

Utajiuliza mimba ya lini. Swali la aibu kumwuliza mama, lakini nitajibu. Ni ile ruhusa baba yako aliyopewa akaja na sare yake, kijiji kizima kikaja kugusa vifungo. Alikaa muda mfupi akarudi kwa wenzake Uganda. Tukatangaziwa vita imekwisha, tukacheza mpaka vumbi likafika juu ya paa, wewe mwenyewe uliongoza wimbo. Lakini baba yako hajarudi. Wanasema wamebaki kulinda. Haya, yeye analinda huko na mimi nalinda hapa. Nilidhani mambo haya yamenipita. Nilipoanza kula udongo wa kichuguu ulinicheka, ukasema mama anataka kuwa mchwa. Nilicheka na wewe. Moyoni nilikuwa tayari nimejua.

Na kovu langu unalijua. Baada ya mdogo wako yule tuliyemzika kabla ya kumpa jina, daktari wa hospitali ya misheni aliniambia, "Mama, wewe usizalie nyumbani tena. Ukisikia uchungu tu, uletwe hapa." Uletwe. Kwake lilikuwa neno dogo. Hakuuliza nitaletwa na nani. Kutoka kijijini kwetu ni kushuka bonde lote, kuvuka mto pale kwenye magogo, halafu kile kilima cha upande wa pili ambacho hata mbuzi hukipanda kwa kufikiri. Gari la wilaya, tangu lilipokwenda vitani kupeleka askari, hatujaliona tena hata moshi wake.

Sasa tazama mabega ya nyumba yetu. La baba yako liko Uganda na bunduki. Lako linakwenda Dar es Salaam na begi. Langu limeshabeba mtu. Hiyo ndiyo habari iliyokuwa ikinikosesha raha mwezi mzima, wewe ukidhani ninakasirika kwa sababu unaondoka.

Ngoja. Nimeona mtu. Siyo wewe, ni mtoto wa jirani anafuata moto.

Unakumbuka siku uliyomsomea Mzee Bikanura ile karatasi ya chuo? Ulisimama pale uwanjani umenyooka kama mwalimu mkuu, nikaona fahari mpaka nikasahau sufuria. Ukasoma kwamba unakwenda kujifunza ustawi wa jamii. Mzee akauliza ndiyo nini hicho. Ukamwambia ni kazi ya kuangalia wagonjwa, wazee, wajane na wasiojiweza, ilianza Ulaya zamani za viwanda, na kwetu imeletwa na serikali. Mzee alitafuna fimbo yake akakutazama, akasema, "Kumbe sisi tulikuwa tunabeba watu kabla hatujapewa ruhusa."

Wewe ulicheka kwa adabu. Mimi sikucheka. Mzee Bikanura ndiye aliyekuwa mkubwa wa ingobyi ya Mukabare, na bila ingobyi ya Mukabare wewe usingekuwa na mdomo wa kusomea karatasi.

Mliokulia kando ya barabara mnaita machela. Haya, ni machela, lakini ya kusuka, ndefu kama mtumbwi, ina mipiko miwili ya kuweka begani. Kilima chetu cha Mukabare kilikuwa na yake, na kila kilima kilikuwa na yake, tangu babu yangu hajaota ndevu. Haikuwa ya mtu. Ilitundikwa kwa mkubwa wa ingobyi, na mtu akizidiwa, pembe inapigwa, kila nyumba inatoa bega. Wanaume wanabeba. Sisi wanawake tunaingia nyumba ya mgonjwa: huyu anapika, huyu anapalilia shamba lake, huyu anamnyonyeshea mtoto. Mtu akifa ni ingobyi hiyohiyo na watu walewale. Mzee asiye na mtoto, kuni zake zinaletwa na zamu. Nyumba isiyotoa bega bila sababu inalipa pombe ya rubisi, na mpaka ilipe hakuna anayekwenda kwao kuomba moto. Mama yako mdogo aliyeolewa Kaniha anasema Wasukuma wa kule nao wana yao: msiba ukitokea kila mtu anakuja na kuni na unga, asiyekuja anatozwa mpaka ajute. Kwa hiyo mwalimu wako akikuuliza ustawi ulianzia wapi, mjibu ilivyoandikwa kitabuni upate maksi, halafu nyoosha mkono tena.

Siku ya kuzaliwa kwako ulitanguliza mguu. Mpaka leo wewe ni mtu wa kutanguliza mguu. Wakunga walipouona wakatazamana, pembe ikapigwa, na nikatiwa ndani ya ingobyi nikiwa nalia kama ndama. Wabebaji wetu wana desturi moja ambayo hutaikuta kitabuni: wanamtukana mgonjwa. Hawamwachi alale wala akate tamaa. Njia nzima ni matusi ya utani.

"Huyu amekula nini? Ng'ombe wa bwana mkubwa?"

"Mumewe alitoa mahari ya mwanamke mmoja akapewa wawili!"

Na mimi, Veronika, katikati ya uchungu, nikawajibu. Ndiyo! Nikamwambia Bikanura miguu yake imepinda kama upinde ndiyo maana ingobyi inayumba. Wakacheka mpaka wakataka kuniangusha mtoni. Mbebaji akichoka anaita, "Bega!" na mwingine anapita chini ya mpiko bila safari kusimama. Nilisikia neno hilo njia nzima: Bega! Bega! Nikasikia kama wanakuita wewe, ndiyo maana mpaka leo nikikuita kwa hasira huwa natoa sauti ileile.

Tulifika, nilichanwa, ukatoka. Baba yako alitaka kuwashukuru wabebaji, wakamkatalia. Ingobyi haishukuriwi. Ukisema asante ni kama umewafungia mlango. Kinachosemwa ni, "Nami nipo." Basi. Akasema, nao wakaenda zao.

Na mtu akihama au akienda mbali kutafuta kazi, haondoki hivihivi. Anaacha bega. Anasimama mbele ya watu anamtaja atakayebeba badala yake, na huyo anakubali. Hapo nyumba yake inaendelea kubebwa kama vile yupo. Wakati ingobyi mpya inasukwa, walioacha bega wote wanarudi, kila mtu anafunga fundo lake kwa mkono wake. Asiyerudi, bega lake limeanguka. Haya ndiyo niliyotaka ufanye kabla ya kuondoka, ukaniambia, "Mama, hayo ni ya wanaume, tena ni ya zamani, siku hizi kuna serikali." Nilikukasirikia siku mbili. Nilikukasirikia kwa sababu maneno hayo ni yangu. Mimi ndiye niliyeyasema kwanza, tena kwa sauti kuliko wewe.

Nimefika mahali pagumu. Nimesimama nikakoroga maharage, yamekolea chumvi kweli.

Mama Esta unamjua kama mama wa rafiki yako, mwenye migomba mizuri, mcheshi, mwimba sauti ya tatu kanisani. Lakini wewe ulikuwa mdogo alipokuja. Alivuka mto kutoka Burundi wakati ule watu walipokuwa wanavuka kila siku, amemshika Esta mkono mmoja, na mwingine jembe lisilo na mpini. Mume hakuwa naye na hatukumwuliza. Alipewa kipande cha ardhi mteremkoni Mukabare, akalima kama watu watatu. Baada ya mavuno ya kwanza alichukua kibuyu cha rubisi akaenda kwa Mzee Bikanura, akaomba aingie kwenye ingobyi.

Wanaume walikaa kulijadili. Wengine walikuwa wanataka, wengine wanajikuna kichwa. Mimi nilikuwa nimeleta maji ya kunywa, sikuulizwa chochote, lakini unanijua. Nikasema, "Nyumba isiyo na bega haibebwi. Hana mume, hana mtoto wa kiume, hana kaka. Tutambeba kwa bega la nani?" Nikaongeza utani fulani juu ya wageni ambao sitauandika. Watu walicheka. Nilikuwa nachekesha sana siku zile, na mtu anayechekesha hapimi. Kibuyu kikarudishwa.

Msimu uleule Esta alipata homa ya kuweweseka. Nilikuwa shambani napalilia karibu na njia. Nikamwona mama yake anapita, amemfunga mtoto mgongoni, mtoto mkubwa, miguu inagonga magotini kwake. Peke yake, kuelekea lile bonde. Nilimsalimia, Leonsia. Kama ningenyamaza ningesema niliona haya. Nilimwuliza habari za asubuhi. Naye akanijibu nzuri.

Esta alipona, wewe mwenyewe uko naye sasa hivi mnaimba. Mungu amenipa nafasi ambayo sikuistahili. Lakini nikiwa naosha vyombo, au nikiwa kanisani katikati ya sala, namwona yule mtoto miguu inaning'inia.

Halafu ikaja operesheni ya vijiji. Tulishushwa kutoka Mukabare, na watu wa vilima vingine nao wakashushwa, tukapangwa kando ya barabara kwa mistari kama mahindi. Sitasema mabaya tu, mimi si mtu wa hivyo. Kule juu hatukuwa na zahanati, hapa tukapata. Kule usingemaliza shule, hapa ulimaliza bila mimi kutoa senti. Na ni nani aliyefundisha wanawake wa kijiji hiki kuandika majina yao katika kisomo cha watu wazima, kama siyo mama yako? Mpaka mwenyekiti alisema kwenye mkutano kwamba Mama Leonsia ni mfano. Alisema hivyo, waulize.

Lakini kulikuwa na mkutano mwingine. Alikuja bwana mmoja wa wilayani, amechana nywele vizuri, akatueleza kwamba sasa mgonjwa wa mmoja ni mgonjwa wa kijiji kizima, kwamba vikundi vya kilima kimoja kimoja ni ubinafsi, na kwamba gari litakuwa linakuja. Nilifurahi mpaka mwili ukasisimka. Nikasimama nikasema, "Basi sisi wa Mukabare tunaikabidhi ingobyi yetu ofisini leo hii!" Makofi. Mzee Bikanura akauliza polepole, "Na gari likiharibika?" Nikamjibu mbele ya watu wote, "Mzee, wewe unataka turudi enzi za Wajerumani?" Makofi tena. Nikaenda kuitoa mwenyewe kwake, nikaibeba kichwani huku napiga vigelegele, ikafungiwa ghala la kijiji pamoja na mbolea. Watu wa vilima vingine wakaniiga. Nilikuwa mfano, nimekwambia.

Na gari lilikuja, sikatai. Lilikuja mara kadhaa, likaokoa watu. Kisha vita ikaanza, magari yakakusanywa yakaenda mbele, wanaume wakaingia mgambo wakaenda mbele. Tukabaki wanawake, wazee na watoto, na ghala lenye kufuli.

Ulikuwa bwenini, kwa hiyo hadithi ya mwenyekiti umeisikia kwa vinywa vya watu. Isikie kwa mwenyewe. Asubuhi moja mkewe alikuja mbio, mwenyekiti ngiri imembana, anajinyonganyonga kitandani. Mganga wa zahanati akatazama akasema hapa siwezi, hospitali, tena sasa hivi. Mzee Bikanura alikwenda ghalani. Mwenye ufunguo alikuwa vitani. Akavunja kufuli kwa jembe. Kuku walitoka kwenye ingobyi yetu wakipiga kelele, maana walikuwa wameifanya mahali pa kutagia.

"Haya," akasema mzee, "imetoka. Abebe nani?"

Mwanamke alikuwa hajawahi kuweka mpiko begani. Tuliambiwa tangu utoto kwamba ukiuweka maziwa yanakauka. Nikatazama wenzangu, nikasema, "Maji tunabeba. Kuni tunabeba. Ndizi tunabeba, watoto tunabeba. Mpiko huu una nini cha zaidi?" Nikainama nikauweka. Wenzangu wakaingia. Kama kuna mtu atakuambia aliingia kabla yangu, ni mwongo.

Mwenyekiti ni mtu mzito. Hatujafika hata mtoni tukaanza desturi.

"Ndugu Mwenyekiti, tungoje kwanza lile gari la wilaya, au twende?"

"Mahindi yetu ya kijiji yamepotelea humu ndani, jamani!"

"Mama Leonsia," anaguna, "nikipona nitawaweka ndani wote."

"Utatuweka ndani na umelala juu ya mabega yetu? Tulia, mkubwa, usituyumbishe."

Nikamsikia anacheka na kulia pamoja. Nikajua atafika.

Lakini kile kilima cha upande wa pili kilitushinda. Mbele yangu mwenzangu alikuwa anatetemeka miguu, nyuma wameshapokezana wote. Mimi bega langu lilikuwa limekufa ganzi. Nikaita, "Bega!" Nikaita tena, "Bega!" kwa sauti ile niliyoisikia nikiwa na uchungu wako. Hapakuwa na mtu wa kuja. Nikaona mpiko unateleza.

Pale juu mtu alikuwa anapalilia kibarua kwenye shamba la watu. Akatupa jembe. Alishuka mteremko akikimbia, akapita chini ya kwapa langu, akauchukua mpiko kabla haujaniponyoka. Sikuhitaji kugeuka. Nilimjua kwa pumzi. Mama Esta alitufikisha mpaka mlango wa hospitali, akawa wa kwanza kumtukana mwenyekiti kwa Kirundi, naye kwa maumivu hakuelewa kitu akaitikia asante. Kisha akarudi kuchukua jembe lake. Ilinibidi kusema, "Nami nipo." Nilikuwa na neno mdomoni. Nikaona likitoka litavuta na lile jingine, la nyumba isiyo na bega. Nikalimeza.

Tangu siku hiyo tunabeba sisi, na Mama Esta anabeba na sisi. Hakuna aliyemkaribisha na hakuna aliyemkataza. Mwenyekiti alipotoka hospitali hakutuweka ndani, alituletea mbuzi. Lakini sheria niliyoitamka mimi haikuwahi kufutwa. Imekaa pale kama mfupa.

Umerudi! Nimeficha karatasi chini ya ungo, umeniuliza naandika nini, nikasema majina ya watu wa jumuiya. Umeonja maharage ukanyamaza, mtoto wangu mwenye adabu. Sasa umekwenda kuoga, namalizia haraka.

Leo mchana, wewe ukiwa unapiga pasi, niliwaita wanawake wa ingobyi nyuma ya zahanati. Nilikuwa nimejipanga kusema kwa heshima na mifano. Nikasimama nikasema tu, "Nina mimba, na nyumba yangu haina bega." Nikawaona wanakumbuka. Wengine wakatazama chini, wengine wakamtazama Mama Esta.

Akainuka, akajifuta mikono kwenye khanga.

"Mama Leonsia, kuna sheria," akasema. "Nyumba isiyo na bega haibebwi. Si ndivyo?"

"Ndivyo nilivyosema," nikajibu.

"Ulisema kwa sauti nzuri. Nilikuwa nyuma ya ua wa Bikanura na kibuyu changu. Nilisikia mpaka ule utani."

Nikasema, "Mama Esta, neno lile lilikuwa baya. Nalirudisha mbele ya hawa wote. Ungeambiwa wewe uchague nibebwe au nisibebwe, ningeridhika." Sijui kama ningeridhika. Lakini nilisema.

"Mimi sina haja ya kukuhukumu," akasema, "na sheria sitaivunja. Mungu amenipa mabega mawili. Hili ni la nyumba yangu. Hili la pili ni la nyumba yako, mpaka mwenye nyumba arudi kutoka vitani. Na la msichana wako anayeondoka bila kuaga ingobyi, nalo nitalishika, kwa sababu alikuwa anamletea Esta madaftari alipokuwa anaumwa." Halafu akanipima kwa macho kuanzia chini mpaka juu. "Ila upunguze ugali. Wewe peke yako ni safari mbili!"

Wote wakapasuka. Mimi niliyekuwa nachekesha kijiji leo nikachekwa. Nikasema lile moja, kwa kuchelewa, miaka yote hiyo imepita. Nikasema, "Nami nipo."

Kwa hiyo usilie ndani ya basi. Au lia kidogo, kisha kula ndizi nilizokufungia. Esta anajua yote, alikuficha kwa sababu nilimwapisha. Bado naogopa, sitakudanganya. Nenda kasome hiyo kazi vizuri. Jifunze serikali inavyobeba watu, maana ina mabega mapana na tunaihitaji, siku nyingine utuletee na gari. Mimi kosa langu halikuwa kulipokea gari. Nililipokea, nikakimbilia kufungia ingobyi ghalani.

Ila bega lako limeshikwa na mtu, na aliyelishika ana haki ya kukuona. Ingobyi yetu imetobolewa na kuku na kulegezwa na uzito wa mwenyekiti, haifiki mwaka mwingine. Tumepatana kusuka mpya, ya wanawake na wanaume, wa vilima vyote na waliovuka mto. Tutapanda Mukabare kukata fito, na kila aliyeacha bega atafunga fundo lake. Baba yako nimemwandikia kupitia kambi. Mama yako mdogo anakuja kutoka Kaniha. Huyu aliye tumboni, kwa hesabu ya mganga, atakuwa ameshafika, na Mama Esta amesema atamfungisha fundo kwa kidole chake. Chuo mtakuwa mmefunga. Mzee Bikanura atakuwa amekaa na fimbo yake akitazama nani yupo na nani hayupo.

Umande ukikauka tu tunaanza. Siku inayofuata Noeli, Mukabare, watu wote.